MAISHA YA ABDUL HAFEEZ KARDAR: NAHODHA WA KWANZA WA PAKISTAN



Wapenzi wanafunzi na wazazi, hapa kwetu Vudee mtoto akitoka chuoni jioni hukimbilia mpira wa miguu. Kriketi wengi wetu hatuijui. Ni mchezo wa timu mbili zenye wachezaji kumi na mmoja kila moja. Mmoja hurusha mpira mgumu, mwingine huupiga kwa gongo pana na kukimbia kutafuta alama. Wengi huwa hodari wa jambo moja tu, ama kurusha ama kupiga. Marehemu Kardar aliyaweza yote mawili, na akaongeza la tatu: kuongoza.

Alizaliwa Lahore tarehe 17 Januari 1925, akasoma Islamia College. Mwaka 1946, akijulikana kwa jina la Abdul Hafeez, alikwenda Uingereza na timu ya India na kucheza mechi tatu kubwa za kimataifa. Baadaye aliendelea na masomo huko huko, katika Chuo Kikuu cha Oxford, akawa pia anachezea timu ya Warwickshire. Hakuacha kitabu kwa ajili ya mchezo.

Mwaka 1947 Bara Hindi liligawanywa, na Pakistan ikazaliwa. Nchi ilikuwa changa, na timu yake haikuruhusiwa kucheza mechi kubwa za siku tano na mataifa mengine. Ilibidi wajithibitishe. Mwaka 1951 timu kutoka Uingereza ilifika Karachi. Kardar, akiwa nahodha, alifunga alama 50 bila kutolewa, na Pakistan ikashinda. Mwaka uliofuata, 1952, ikakubaliwa rasmi.

Mtihani wa kwanza ulikuwa mgumu. Oktoba 1952 walikwenda India na kushindwa vibaya mjini Delhi. Hawakukata tamaa. Mwezi huo huo, mjini Lucknow, walipata ushindi wao wa kwanza.

Siku kubwa zaidi ilikuja London, kwenye uwanja wa Oval, Agosti 1954. Pakistan ilipata alama 133 tu katika zamu ya kwanza, na aliyefunga nyingi kuliko wote alikuwa Kardar, alama 36. Mwishoni Waingereza walihitaji alama 168. Walifika 109 wakiwa wamepoteza wapigaji wawili tu, na kila mtu alidhani mambo yamekwisha. Lakini Fazal Mahmood alirusha kwa ustadi mkubwa, wapigaji wakaanguka mmoja baada ya mwingine, na Waingereza wakaishia 143. Pakistan ilishinda kwa alama 24. Hakuna nchi iliyowahi kushinda mechi kama hiyo katika ziara yake ya kwanza Uingereza.

Kardar aliiongoza Pakistan katika mechi 23 hadi mwaka 1958: ilishinda 6, ikashindwa 6, na 11 zikawa sare. Katika mechi zote za daraja la kwanza alizocheza maishani, alifunga alama 6,832 na kuwatoa wapigaji 344.

Kuanzia mwaka 1972 aliongoza bodi ya kriketi ya nchi yake. Alisimama kidete kupinga kura ya turufu ya Uingereza na Australia katika baraza la kriketi la dunia, akitaka nchi zote ziwe sawa. Kura hiyo iliondolewa mwaka 1993, naye akiwa hai.

Hata hivyo alikuwa binadamu. Ukali uliomsaidia uwanjani ulimponza ofisini. Mwaka 1976 wachezaji walidai malipo zaidi, yeye akakataa. Serikali iliingilia kati, na mwaka 1977 akaachia uongozi. Alifariki tarehe 21 Aprili 1996. Mwenyezi Mungu amrehemu. Amin.

MAFUNZO TUNAYOPATA:

1. Michezo na elimu vinaweza kwenda pamoja. Mtume wetu (S.A.W.) mwenyewe alishindana mbio na mkewe, Bi Aisha (R.A.).

2. Kushindwa leo si mwisho. Baada ya Delhi ilikuja Lucknow.

3. Kiongozi awe wa kwanza kubeba mzigo, kama Kardar siku ile ya Oval.

4. Msimamo ni mzuri, lakini kiongozi asikilize pia madai ya walio chini yake.

Wabillahi tawfiq.