Charlotte Zwerin, Bibi wa Mkasi

Hebu niambie, msomaji mwenzangu: sinema ikiisha na majina yakaanza kupanda kwenye skrini, nani hubaki kitini kuyasoma? Wengi wetu huwa tushafika mlangoni. Mwigizaji tunamjua, mpiga picha pengine, lakini mhariri wa filamu ni mgeni kabisa. Marehemu Charlotte Zwerin alikuwa mhariri, na ndiye ninayetaka kumsimulia.

Alizaliwa mwaka wa 1931 mjini Detroit, Marekani. Akiwa katika Chuo Kikuu cha Wayne State alianzisha chama cha wapenzi wa filamu (naam, chama kama hiki chetu!). Baadaye alihamia New York akafanya kazi ya televisheni, na katika miaka ya sitini akaanza kushirikiana na ndugu wawili, Albert na David Maysles. Albert alishika kamera, David akanasa sauti. Hawakumfundisha mtu la kusema. Waliyafuata maisha yalivyokwenda. Basi walirudi na marundo ya kanda zisizo na kichwa wala miguu, na hapo ndipo kazi ya Charlotte ilipoanza. Katika filamu ya Salesman, ya mwaka 1969, walifuatwa wachuuzi wanne wa Biblia wakibisha hodi nyumba hadi nyumba. Mezani pa uhariri, kisa kikawa hasa cha mmoja wao, Paul Brennan, ambaye biashara ilikuwa ikimshinda.

Mtihani mkubwa ulikuja mwaka uo huo. Tarehe 6 Desemba 1969, bendi ya Rolling Stones ilitumbuiza bure huko Altamont, California, mbele ya watu wapatao 300,000. Ati ulinzi wa jukwaa waliachiwa Hells Angels, genge la waendesha pikipiki! Vurugu zikazuka. Meredith Hunter, kijana mweusi wa miaka 18, alitoa bastola, akadungwa kisu, akafa. Kamera ya akina Maysles ilikuwa imenasa tukio hilo.

Sasa ungefanyaje wewe? Habari zilikuwa zimeshaenea kote. Ukikificha kifo hadi mwisho, unamgeuza marehemu kuwa chambo cha kuvutia watazamaji. Charlotte akaja na wazo: wanamuziki waletwe kwenye meza ya uhariri, waonyeshwe kanda, nao wapigwe picha wakitazama. Kwa hiyo mtazamaji anajua msiba tangu mwanzo, na hata nyimbo za furaha zilizopigwa New York anazisikiliza kwa moyo mzito. Kisha Mick Jagger anaonyeshwa tukio lenyewe. Kanda inarudishwa nyuma, inapunguzwa mwendo, bastola inaonekana, kisu kinaonekana. Jagger hana mengi ya kusema. Anainuka, anaondoka.

Filamu hiyo, Gimme Shelter, ilitoka Desemba 1970, na Charlotte akatajwa kuwa mwelekezi pamoja na ndugu hao wawili. Hilo halikuwa jambo dogo, kwani wahariri wengi, hasa wanawake, walifichwa nyuma. Wako wahakiki walioishambulia kwamba imevuna faida kutokana na kifo. Mimi naona Charlotte alikichukulia kifo hicho kwa uzito unaostahili. Lakini kila nikiikumbuka ile kanda ikirudishwa nyuma, swali halinitoki: mama mzazi angeitazama vipi?

Baadaye alielekeza filamu zake mwenyewe. Nami naipenda zaidi ile ya Thelonious Monk, mpiga piano wa jazi aliyefariki mwaka 1982. Ndugu wengine wawili, Michael na Christian Blackwood, walikuwa wamempiga picha Monk mwaka 1967 na 1968, yapata saa 14 za kanda. Charlotte alizipekua, akaongeza mahojiano na mwanawe Monk pamoja na wengine waliomfahamu, na Clint Eastwood, yule yule wa sinema za kauboi, akasaidia mradi ukamilike. Ilitoka mwaka 1988. Utamwona Monk akiacha piano katikati ya wimbo, anainuka na kuzunguka pale pale kama pia, huku wenzake wakiendelea kupiga.

Mwaka 1999 Charlotte alitoa filamu kuhusu mwimbaji Ella Fitzgerald. Alifariki New York tarehe 22 Januari 2004, akiwa na miaka 72. Filamu ya Monk iliingizwa mwaka 2017 katika orodha ya filamu za kuhifadhiwa na Maktaba ya Bunge la Marekani. Ile ya wachuuzi wa Biblia ilikuwa imeshatangulia tangu 1992.