Muhumusa, mjane aliyewaongoza wanaume vitani dhidi ya wazungu

Huko Fizi na Baraka, imani kwamba dawa inaweza kugeuza risasi kuwa maji haihitaji kuelezwa. Wazee waliisikia wakati wa uasi wa Simba mwaka 1964, vijana wanaijua kupitia Mai-Mai. Lakini zaidi ya miaka hamsini kabla ya Simba, ahadi hiyo ilitolewa na mwanamke, kaskazini, kwenye milima ambako leo Kongo, Rwanda na Uganda zinapakana.

Muhumusa alijitambulisha kuwa mjane wa Mwami Rwabugiri wa Rwanda, aliyefariki mwaka 1895. Mwaka uliofuata, malkia Kanjogera na kaka zake walimpindua mrithi na kumtawaza Musinga, mtoto wa Kanjogera. Mjane wa upande ulioshindwa alitarajiwa kunyamaza. Muhumusa alikimbilia Ndorwa na kudai kwamba mwami halali ni mwanawe.

Hakuwa na jeshi. Alikuwa na Nyabingi, pepo wa kike aliyeogopwa kuliko machifu wengi, na watu waliamini kwamba pepo huyo anasema kupitia kwake. Wajerumani walimkamata mwaka 1908 wakampeleka Bukoba.

Alipoachiliwa hakutulia. Mwaka 1911, wakati Waingereza, Wajerumani na Wabelgiji wakipima mipaka yao katika milima hiyo hiyo, alijitangaza malkia wa Ndorwa. Aliwaambia wafuasi wake kwamba ngoma takatifu ya ufalme imefichwa katika mlima Ihanga, na kwamba risasi za wazungu zitageuka maji. Waafrika waliowatumikia wazungu aliapa kuwatundika kwenye miti iliyochongwa. Kwa hiyo wa kwanza kuumia hawakuwa wazungu, bali majirani, na baadhi ya machifu walikimbilia kwa Waingereza.

Septemba mwaka huo Waingereza walimshambulia Ihanga wakiwa na bunduki ya rashasha aina ya Maxim. Risasi hazikugeuka maji. Wafuasi wengi waliuawa, naye alipigwa risasi ya mguu akakamatwa.

Mwaka 1912 serikali ya kikoloni ya Uganda ilitunga sheria dhidi ya uchawi. Muhumusa alizuiliwa Kampala, akafia huko mwaka 1945, baada ya miaka 34, bila kuruhusiwa kurudi nyumbani. Nyabingi hakuzuiliwa: wafuasi wake waliinuka tena mwaka 1917, na leo Marasta wa Jamaika wanaziita ngoma zao za ibada kwa jina hilo.