Aniceti Kitereza (1896-1981) na Tarehe Tatu za Riwaya Moja

1.0 Utangulizi

Kwa kufuata tarehe ya uchapishaji, Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka, Ntulanalwo na Bulihwali ni riwaya ya mwaka 1980. Tarehe hiyo huiweka miongoni mwa kazi za kizazi kilichopata elimu ya chuo kikuu baada ya Uhuru, kizazi cha Euphrase Kezilahabi, ambaye naye alizaliwa Ukerewe, na ambaye Rosa Mistika yake ilitoka mwaka 1971. Hata hivyo, mtunzi wa riwaya hiyo, Aniceti Kitereza, alizaliwa mwaka 1896, yaani miaka 13 kabla ya Shaaban Robert. Isitoshe, alikuwa ameikamilisha kazi yake kwa lugha ya Kikerewe mwaka 1945. Kati ya kalamu na kitabu ilipita miaka 35. Makala haya yanasimulia maisha ya Kitereza kwa lengo la kueleza pengo hilo, na kudai kwamba historia ya fasihi inayotegemea tarehe ya jalada peke yake humweka mtunzi huyu mahali pasipo pake.

2.0 Malezi na Elimu

Kitereza alitokana na Wasilanga, ukoo uliotawala kisiwa cha Ukerewe. Baba yake, Malindima, alifariki mwanawe akiwa bado mdogo. Mama alirudi naye Ukerewe, na mtoto akalelewa karibu na makao ya Omukama Mukaka. Malezi hayo yalimweka mahali ambapo heshima za maamkio, taratibu za mashauri na masimulizi ya wazee yalikuwa mambo ya kila siku. Baadaye alipelekwa katika shule ya misheni ya Kagunguli, iliyokuwa chini ya Mapadri Weupe, na huko akabatizwa.

Kutoka Kagunguli alivuka ziwa hadi seminari ya Rubya, upande wa Bukoba, alikosoma kwa takriban miaka kumi. Alijifunza Kilatini, Kigiriki na Kijerumani, pamoja na falsafa na teolojia. Mwaka 1919 aliacha seminari bila kupata upadri, akarudi nyumbani na kumwoa Anna Katura. Kwa hiyo, akiwa na umri wa miaka 23, Kitereza alikuwa na elimu mbili ambazo ni nadra kukutana katika mtu mmoja: ile ya makao ya Omukama na ile ya seminari. Elimu ya kwanza ilimpa mambo ya kuandika. Ya pili ilimpa mazoea ya kuandika kwa utaratibu na kwa urefu.

3.0 Mwanza na Kurudi Kisiwani

Kwa miaka kadhaa Kitereza alifanya kazi Mwanza katika kampuni ya biashara ya Waitaliano. Mji huo ulikuwa ukibadilika upesi. Reli kutoka Tabora ilifika mwaka 1928, na pamba ya Usukuma na ya visiwani ikapitia hapo kwenda nje. Vita Kuu ya Pili vilipozuka, na Italia ikawa adui wa Uingereza, ajira hiyo ilikatika. Kitereza alirudi Ukerewe, akawa katekista na msaidizi wa wamisionari wa Kagunguli katika kazi za kutafsiri.

Alichokikuta kisiwani ndicho kilichomsukuma kuandika. Vijana walikuwa wakiyasahau mambo ya wazee wao, na pamoja nayo maneno yaliyoyabeba. Kitereza alikusanya historia na desturi za Wakerewe. Padri Almas Simard, Mmisionari kutoka Kanada, alimtia moyo aendelee. Badala ya kutoa orodha kavu ya mila, Kitereza aliamua kuzisimulia kupitia maisha ya mume na mke.

4.0 Riwaya na Dhamira Yake

Myombekere na Bugonoka wanaishi kabla ya kufika kwa Wazungu, nao hawana mtoto. Wazazi wa Bugonoka wanamrudisha binti yao nyumbani kwa sababu ya kejeli za wakwe. Myombekere analazimika kumfuata, kulipa faini ya pombe ya ndizi na kutafuta mganga. Hatimaye wanawapata Ntulanalwo na Bulihwali. Katika kisa hicho mna kilimo, uvuvi, uwindaji, dawa, ndoa na mazishi, kila jambo likielezwa hatua kwa hatua.

Msomaji aliyezoea riwaya yenye msuko wa haraka huweza kuyaona maelezo hayo kuwa mchepuko. Kwa hakika ndiyo shabaha ya kazi. Namna pombe inavyotengenezwa haisimulizwi ili kupamba safari ya Myombekere. Safari imewekwa ili utengenezaji wa pombe upate kusimuliwa mahali pake, na watu wanaoihitaji. Hata hivyo, kazi hii haiwi kumbukumbu ya mila tu. Myombekere anakataa kumwacha mkewe licha ya shinikizo la jamii, na uaminifu huo ndio unaobeba hadithi yote. Kitereza mwenyewe aliishi na Anna katika ndoa ambayo haikuwaachia mtoto wa kuwatunza uzeeni.

5.0 Njia ya Mswada

Mwandishi wa Kiswahili wa wakati ule alikuwa na mahali pa kuanzia. Gazeti la Mambo Leo lilikuwapo tangu mwaka 1923, na kurasa zake zilipokea mashairi na masimulizi kutoka kila pembe ya Tanganyika. Mwandishi wa Kikerewe hakuwa na gazeti la namna hiyo, na wasomaji wa lugha yake walikuwa wachache mno kumvutia mchapishaji. Simard aliuchukua mswada na kuanza kuutafsiri kwa Kifaransa, lakini alifariki kabla haujachapishwa.

Mwishoni mwa miaka ya 1960 watafiti wawili Wamarekani, Gerald na Charlotte Hartwig, walikutana na Kitereza huko Ukerewe na kuitangaza kazi yake kwa wanazuoni. Ilipodhihirika kwamba Kikerewe hakingepata mchapishaji, Kitereza, akiwa amepita umri wa miaka 70, aliitafsiri riwaya yote kwa Kiswahili kwa mkono wake. Tanzania Publishing House, chini ya uongozi wa Walter Bgoya, ilikubali kuitoa katika juzuu mbili. Vitabu vilipigwa chapa Uchina. Vilipowasili nchini mwaka 1981, mtunzi alikuwa amekwisha kufariki katika hali ya umaskini, bila kuiona kazi yake katika umbo la kitabu.

Baadaye riwaya ilitafsiriwa kwa Kijerumani na Kifaransa. Mwaka 2002 Mkuki na Nyota, kampuni aliyoianzisha Bgoya, ilitoa tafsiri ya Kiingereza ya Gabriel Ruhumbika, mzaliwa mwingine wa Ukerewe, ambaye aliifanya moja kwa moja kutoka Kikerewe.

6.0 Hitimisho

Riwaya ya Kitereza ina tarehe tatu: mwaka 1945 wa Kikerewe, mwisho wa miaka ya 1960 wa Kiswahili, na mwaka 1980 wa uchapishaji. Ya kwanza inamweka kabla ya Kusadikika ya Shaaban Robert, iliyotoka mwaka 1951, na kabla ya Kurwa na Doto ya Muhammad Saleh Farsy ya mwaka 1960, ambayo nayo ilihifadhi desturi za watu wa Unguja. Ya pili inaonyesha Kiswahili kikiwa daraja, na pia ushuru alioulipa mwenye lugha ndogo ili avuke. Ya tatu haisemi lolote kuhusu mtunzi. Inasimulia habari za mitambo, fedha na meli. Anayechunguza mwanzo wa riwaya ya Kiswahili hana budi kuzitenganisha tarehe hizo. Asipofanya hivyo, mtunzi aliyeandika ili wazee wasisahauliwe atahesabiwa miongoni mwa wajukuu zake.