Muhammed Said Abdulla na Ulimwengu wa Bwana Msa

Muhammed Said Abdulla alizaliwa Makunduchi, Unguja, mwaka 1918. Alianza kazi akiwa mkaguzi wa afya, kisha akawa mhariri wa magazeti. Riwaya yake ya kwanza, Mzimu wa Watu wa Kale, ilishinda shindano la uandishi la Afrika Mashariki, ikachapishwa mwaka 1960. Humo wasomaji walikutana na Bwana Msa, mpelelezi mvuta kiko, pamoja na sahibu yake Najum. Watu walipoogopa mizimu, yeye alitafuta sababu kwa akili.

Abdulla hakuwaaga wahusika hao. Aliwarejesha katika Kisima cha Giningi, Duniani Kuna Watu na riwaya nyingine zilizofuata. Kila riwaya ina fumbo lake, hata asiyesoma iliyotangulia huielewa. Lakini aliyeisoma huingia kama arudiye kwa jamaa zake. Hata hivyo, shujaa asiyeshindwa huweza kumchosha msomaji. Mwaka 1984 Abdulla aliipa riwaya yake jina Kosa la Bwana Msa. Alifariki mwaka 1991. Bwana Msa angali anasomwa.