Sayyid Barghash na Maji ya Mji

Sayyid Barghash bin Said alikitaka kiti cha enzi kabla ya wakati wake. Mwaka 1859 alimwasi nduguye, Sayyid Majid, akashindwa, akahamishiwa Bombay. Alipotawala Unguja, tangu mwaka 1870, aliupamba mji wake kwa majengo: hamamu ya watu wote, mtaani Hamamni, kasri la Marhubi, na mwaka 1883, jumba la Beit al-Ajaib, lililoyapita yote kwa kimo.

Mwaka 1873, kwa kushurutishwa na Waingereza, alilifunga soko la watumwa. Mahali pale pamesimama kanisa. Mwaka 1886 Wajerumani na Waingereza waligawana bara, naye akaachiwa ukanda wa pwani. Alifariki mwaka 1888.

Kasri la Marhubi liliteketea kwa moto mwaka 1899. Sehemu ya Beit al-Ajaib iliporomoka mwaka 2020. Lakini ni yeye aliyevuta maji safi kwa mabomba kutoka Chemchem hata mjini, tajiri na fukara wakateka bila ya malipo. Katika yote aliyoyajenga, hilo halikuwa fahari yake, lilikuwa sadaka. Mwenyezi Mungu amrehemu. Amin.