Khalifa Mpenda Vitabu na Mtoto Aliyekalishwa Kitini



Ndugu msomaji, shukrani zote ni za Allah (S.W.T) aliyetufikisha Ramadhan hii, na rehma na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W), ali zake na maswahaba zake.

Najua saa hizi huenda umekaa barazani unangoja adhana ya Magharibi, na harufu ya sambusa inakujia kutoka jikoni. Basi subira kidogo. Kabla hujafungua tende yako, hebu twende pamoja hadi Andalus, nchi ambayo leo ni Uhispania na Ureno. Nataka nikujulishe na mtu mmoja aliyekuwa mfalme, msomi na baba. Ufalme aliuweza, na usomi aliuweza zaidi. Kwenye ubaba ndipo alipoteleza, na kuteleza kwake kukawagharimu Waislamu wa nchi nzima.

Mtu huyo ni al-Hakam wa Pili, khalifa wa Cordoba, mji ambao Waarabu wanauita Qurtuba.

MTOTO WA NYUMBA YENYE HOFU

Al-Hakam alizaliwa mwaka 915. Baba yake ni Abdurrahman wa Tatu, aliyetawala karibu miaka 50 na kujitangaza khalifa mwaka 929. Kwa nje nyumba yao ilikuwa na kila kitu. Lakini ndani, ndugu yangu, ilikuwa nyumba yenye hofu.

Babu yake al-Hakam, yaani baba wa Abdurrahman, aliuawa na ndugu yake wa kuzaliwa, Abdurrahman akiwa bado mchanga wa wiki chache. Sababu ni nani atakirithi kiti. Na huyo muuaji naye baadaye akauawa kwa amri ya baba yao. Abdurrahman alipokuwa mkubwa na kutawala, alimteua al-Hakam kuwa mrithi wake tangu utotoni. Haikutosha. Mwanawe mwingine, Abdallah, alishutumiwa kupanga njama, na Abdurrahman akaamuru auawe. Baba kumuua mwana! Na yote hayo ni kwa ajili ya kiti.

Sasa jiulize: kijana anayekulia katika nyumba kama hiyo atatafuta wapi utulivu? Al-Hakam aliutafuta vitabuni.

RAMADHAN ALIYOSHIKA UTAWALA

Abdurrahman alifariki mwanzoni mwa Ramadhan ya mwaka 350 Hijria, yaani Oktoba 961. Watu wakiwa katika saumu, al-Hakam akapewa baia katika mji wa kasri wa Madinat az-Zahra, nje kidogo ya Cordoba. Alikuwa na miaka 46. Alikuwa mtu mzima, amekomaa, kazi ya dola ameifanya miaka mingi chini ya baba yake. Kumbuka umri huo, kwa sababu tutaurudia.

Alipokwisha kukaa kitini, hakuanza na kujijengea makasri. Aliupanua Msikiti Mkuu wa Cordoba, maana watu walikuwa hawaenei tena. Mihrabu yake ilipambwa kwa vijiwe vya rangi na dhahabu, na fundi wake aliletwa kutoka kwa mfalme wa Kirumi wa Constantinople. Mihrabu hiyo ingali pale mpaka leo, ingawa jengo ni kanisa tangu mji ulipotekwa mwaka 1236.

Halafu akafungua shule 27 za bure kwa ajili ya watoto wa maskini wa mji wake. Walimu walilipwa na khalifa. Wewe uliyesoma madrasa kwa ada ya shilingi chache, au kwa hisani ya wafadhili, unaelewa maana yake.

Na vitabu! Wanahistoria wanaeleza kwamba maktaba yake ilifika vitabu 400,000, na kwamba orodha ya majina tu ilijaza madaftari 44. Alikuwa na mawakala Cairo, Baghdad na Damascus, kazi yao ni kununua na kunakili. Mwandishi mmoja wa Iraq alipotunga kitabu kikubwa cha nyimbo na mashairi ya Waarabu, al-Hakam alimpelekea dinari 1000 za dhahabu ili nakala ifike Andalus kabla watu wa Iraq wenyewe hawajakisoma. Dada yangu, usidhani ilikuwa kazi ya wanaume peke yao: miongoni mwa makatibu wake alikuwemo Lubna, bingwa wa sarufi, mashairi na hesabu.

WAFALME WALIOKUJA KUOMBA KITI

Kaskazini ya Andalus kulikuwa na falme za Kikristo, kama León na Navarra. Hawa nao walikuwa na ugonjwa ule ule wa kugombania kiti. Mfalme wa León, Sancho, alipinduliwa mwaka 958. Alikuwa mnene kupita kiasi, hata kupanda farasi ni taabu, na watu wake wakamdharau. Bibi yake, malkia Toda wa Navarra, akamchukua mjukuu hadi Cordoba. Pale tabibu wa Kiyahudi wa khalifa, Hasdai ibn Shaprut, akamtibu mpaka akapungua mwili, kisha jeshi la Waislamu likamrudisha kitini. Hiyo ilikuwa zama za baba yake al-Hakam.

Mwaka 962 akaja yule mpinzani wake, Ordoño. Sasa yeye ndiye aliyefukuzwa, na akasimama mbele ya al-Hakam kwa unyenyekevu mkubwa akiomba arudishiwe ufalme. Hakufanikiwa, akafia huko huko Cordoba.

Haikuishia hapo. Mwaka 966 Sancho alikufa, na kiti cha León kikarithiwa na mwanawe Ramiro, mtoto wa miaka mitano hivi. Shangazi yake, aliyekuwa mtawa, ndiye akawa anaendesha nchi, na masharifu wa León wakaanza kuvutana.

Ndugu msomaji, al-Hakam aliyaona haya yote akiwa hai. Mabalozi walimletea habari. Aliona kwa jirani nini hutokea mtoto akikalishwa kitini. Wahenga walitwambia ukiona mwenzako ananyolewa, wewe tia maji. Je, yeye alitia maji?

MAPENZI YA BABA

Al-Hakam alichelewa sana kupata mtoto. Alikuwa keshapita miaka 45 alipozaliwa mwanawe wa kwanza, mama yake akiwa Subh, mwanamke wa asili ya Kibaski. Mtoto yule akafariki angali mdogo. Akabakia wa pili, Hisham, aliyezaliwa mwaka 965. Mtu aliyekaa umri wote bila mwana, kisha akapewa wawili, akanyang'anywa mmoja: unadhani huyo aliyebaki atampendaje?

Mwaka 967 akatafutwa kijana wa kusimamia mali ya mtoto wa khalifa. Akapatikana Muhammad ibn Abi Amir, msomi wa sheria, mwerevu, mwenye adabu na mwenye ndoto kubwa kupita kiasi. Akaanza kama karani tu, na cheo kikafuata cheo, hadi akakabidhiwa karakana ya kupiga sarafu. Subh alimwamini, na khalifa pia akamwamini.

Mwaka 974 al-Hakam akapata kiharusi. Upande mmoja wa mwili ukapooza. Akajua safari imekaribia. Mbele yake zilikuwepo njia mbili. Alikuwa na ndugu, al-Mughira, kijana wa miaka ishirini na kitu, baleghe na mwenye akili timamu. Na alikuwa na Hisham, mtoto mdogo. Mafakihi waliweka sharti kwamba kiongozi wa Waislamu awe baleghe. Al-Hakam alijua. Mtu mwenye vitabu 400,000 hawezi kukosa kulijua hilo! Lakini Februari 976 aliwakusanya wakubwa wa dola wamle baia Hisham kuwa mrithi wake, na watu wakatia saini. Oktoba mwaka huo huo, akafariki. Inna lillahi wa inna ilayhi raji'un.

USIKU ULE WA CORDOBA

Kifo kilifichwa kwanza. Watumishi wawili wakuu wa kasri walitaka al-Mughira ashike, mradi Hisham awe mrithi wake. Ukiangalia, lilikuwa shauri la busara. Lakini waziri mkuu, al-Mushafi, alihofia kupoteza cheo. Akaona heri mtoto, maana mtoto haamui kitu. Ikakatwa shauri kwamba al-Mughira afe, na aliyekwenda kuisimamia kazi hiyo ni ibn Abi Amir.

Al-Mughira alikuwa nyumbani kwake, hata hakuwa na habari kwamba kaka yake amefariki. Alipoambiwa, akasema wazi kuwa anampa baia mtoto wa kaka yake na hataki ugomvi na mtu. Haikumsaidia. Akanyongwa mbele ya watu wa nyumbani kwake.

Basi Hisham akawa khalifa akiwa na miaka 11. Akafungiwa katika kasri, na jina lake likabakia kwenye sarafu na kwenye khutba za Ijumaa. Ibn Abi Amir akawaondoa wenzake mmoja mmoja. Al-Mushafi alipinduliwa mwaka 978 na akafia gerezani. Ndio hivyo, kisu alichokinoa kikamkata mwenyewe. Mwaka 981 ibn Abi Amir akajiita al-Mansur, mwenye kunusuriwa.

Tuwe waadilifu: al-Mansur alikuwa shujaa na hodari wa vita, na falme za kaskazini zilimwogopa sana. Lakini ili awaridhishe wanavyuoni waliomtilia shaka, aliruhusu vitabu vya falsafa na unajimu vitolewe katika maktaba ya al-Hakam vichomwe. Yule mtu aliyepewa kazi ya kulinda mali ya mtoto ndiye aliyechukua nchi ya mtoto, na vitabu vya baba akavitia moto.

Al-Mansur alifariki mwishoni mwa Ramadhan ya mwaka 392 Hijria, Agosti 1002. Dola ilikuwa imesimama juu ya mabega ya mtu mmoja, na mtu huyo ameondoka. Mwanawe wa kwanza aliishikilia hadi 1008. Wa pili akamlazimisha Hisham amteue yeye kuwa mrithi wa ukhalifa. Watu wa Cordoba wakasema hapana, sasa imetosha. Mwaka 1009 wakaasi, na vita vya Waislamu kwa Waislamu vikawaka. Madinat az-Zahra iliporwa na kuharibiwa. Maktaba ilibaki ikiuzwa na kuibiwa kipande kipande. Mwaka 1031 ukhalifa ukafutwa kabisa, na Andalus ikagawanyika vijifalme. Baadhi yao wakawa wanawalipa kodi wafalme wa Kikristo. Wajukuu wa wale waliokuja kupiga magoti Cordoba sasa ndio waliopigiwa magoti.

TUNAJIFUNZA NINI?

Kijana mwenzangu, si vizuri tumlaani al-Hakam. Alikuwa mtu mwema, na kosa lake lilitoka kwenye mapenzi. Ndiyo maana kosa lake linatuhusu, kwa sababu sote tunapenda.

Tulipokuwa madrasa tulifundishwa mirathi. Mtoto mchanga, hata aliye tumboni, ana fungu lake katika mali ya marehemu. Hiyo ni haki yake na hakuna wa kumnyima. Lakini hata mali hiyo hakabidhiwi mpaka abaleghe na aonekane ana busara ya kuitunza. Sasa ikiwa duka la baba halikabidhiwi mtoto, vipi nchi? Mali inarithiwa. Uongozi ni amana, na amana hutafutiwa mwenye kuiweza.

Sayyidna Umar (R.A), alipokuwa amejeruhiwa na anajua anakufa, aliwachagua maswahaba sita washauriane wamteue mmoja wao. Mwanawe Abdallah alikuwa mtu mzima, mwanachuoni na mchamungu. Umar akamruhusu atoe shauri tu, kiti asipewe. Je, Umar hakumpenda mwanawe? Alimpenda, na ndiyo maana hakumtwika.

Angalia basi nyumbani na mtaani petu. Ni kamati ngapi za misikiti zinashikwa kwa sababu baba alikuwa mwenyekiti? Ni madrasa ngapi zilizokufa na mwalimu wake, kwa kuwa hakumfundisha mwingine? Na sisi vijana katika jumuiya zetu, tukipata cheo tunamtafuta anayeweza, ama tunamtafuta rafiki?

Mzazi unayesoma, zungumza na watu wako ungali na afya. Usingoje kiharusi. Andika wasia, chagua msimamizi mwaminifu, na juu yake weka wengine wa kumwangalia, kwa sababu hata mwaminifu hubadilika akiachwa peke yake na mali ya yatima. Na wewe kijana, kama kuna cheo unachokitaka kwa kuwa ni cha ukoo wenu, jiulize kwanza kama unakiweza.

Al-Hakam aliacha mambo mawili. Mihrabu aliyowapa mafundi ingali inang'aa baada ya miaka elfu na zaidi. Ukhalifa aliompa mtoto haukumaliza hata miaka 60.

Naam, naona muda umekaribia. Ukifungua, usitusahau katika dua. Allah azipokee saumu zetu na atujaalie viongozi wanaoijua amana. Amin.

Wabillahi tawfiq. Ramadhan Kareem.