Bobby Moore wa Barking: Beki Asiye na Mbio

Wengi wetu Barking tunaijua kwa kodi ya chumba iliyo nafuu kidogo na kwa soko ambako hukosi mihogo na ndizi za kupika. Lakini hapo ndipo alipozaliwa, tarehe 12 Aprili 1941, wakati wa vita, Bobby Moore, nahodha pekee wa timu ya wanaume ya England aliyewahi kunyanyua Kombe la Dunia. (Jina lake mojawapo la kati, amini usiamini, lilikuwa Chelsea. Mashabiki wa West Ham wamemsamehe.)

Jamaa hakuwa na mbio, na mipira ya kichwa ilimsumbua. Kwa beki hayo si mambo madogo. Mimi nasomea uhandisi, na kinachonivutia ni namna alivyoitatua hesabu hiyo: kabla pasi haijapigwa, yeye alishajua inakwenda wapi, ameshasogea hatua mbili. Aliyemfundisha ni beki mwenzake wa West Ham, Malcolm Allison, aliyekuwa akimwambia ajue atampa nani mpira kabla haujamfikia. Allison akaugua kifua kikuu mwaka 1957, akapoteza pafu moja. Tarehe 8 Septemba 1958 alitumaini kurudi uwanjani dhidi ya Manchester United, lakini jezi namba 6 akapewa Moore, kijana wa miaka 17. West Ham ikashinda 3-2. Mwalimu hakucheza tena ligi ya juu.

Mwaka 1961 ikaja zamu ya kocha mkuu mpya, Ron Greenwood, kutoka Arsenal alikokuwa msaidizi. Huyu alikuwa mwalimu zaidi kuliko bosi. Moore akamtoa kwenye kiungo na kumrudisha nyuma, karibu na beki wa kati, mahali ambapo macho yanafanya kazi kuliko miguu. Geoff Hurst, kiungo wa kawaida tu, akamgeuza mshambuliaji. Ukitazama msimamo wa ligi peke yake utasema kocha kachemsha: nafasi ya 8, halafu ya 12, halafu ya 14. Kumbe msimu huo wa nafasi ya 14 ndio waliochukua Kombe la FA, Mei 1964, kwa kuifunga Preston 3-2. Mwaka uliofuata wakachukua Kombe la Washindi la Ulaya, 2-0 dhidi ya 1860 Munich.

Katikati ya furaha hiyo Moore aligundulika na saratani ya korodani, akiwa na miaka 23 tu. Akafanyiwa upasuaji, akarudi uwanjani, na umma haukuambiwa kitu.

Na Greenwood je? Mapenzi yalipoa. Kiangazi cha 1966 mkataba wa Moore uliisha. Alitaka kwenda Tottenham, kocha hataki. Bila klabu asingeruhusiwa kucheza Kombe la Dunia, kwa hiyo ikabidi asaini mkataba wa mwezi mmoja! Tarehe 30 Julai, dakika ya mwisho ya muda wa nyongeza, England inaongoza 3-2, mtu yeyote mwenye akili angeubutua mpira jukwaani. Yeye akautuliza, akainua kichwa, akampa Hurst pasi ndefu. 4-2. Mabao yote manne yalifungwa na vijana wa Greenwood: Hurst matatu, Martin Peters moja.

Aliichezea England mara 108, 90 kati ya hizo akiwa nahodha. Baada ya hapo, kimya. Greenwood alipokuwa kocha wa England, 1977 hadi 1982, Hurst aliitwa kusaidia, Moore hakuitwa. Alifundisha Oxford City, timu ndogo kabisa, kisha Southend, na hakufanikiwa. Huenda hakuwa na kipaji cha ukocha, lakini mtu aliyeusoma mchezo kiasi kile kukosa hata kiti cha pembeni, mimi sijaelewa mpaka leo.

Akaishia kutangaza redioni. Tarehe 17 Februari 1993 alikuwa Wembley akitangaza mechi ya England na San Marino, saratani ya utumbo imemmaliza. Siku saba baadaye akafariki, miaka 51. Sanamu zikaja baadaye: Barking Road mwaka 2003, Wembley mwaka 2007. Hiyo ya Barking Road iko umbali wa kutembea kutoka stesheni ya Upton Park. Yumo na Hurst, Peters na Ray Wilson, amebebwa juu, kombe mkononi.